Karoti za Jiko la Mwingine

Mume wangu Cornelius aliisukuma kando sahani ya mboga ya mrenda, akajifuta mdomo, akaniuliza kama najua kupika karoti.

"Karoti?" nikasema. "Zile za sungura?"

"Zile zinapikwanga na sukari na chumvi kidogo. Zinang'aa. Ni mboga ya kando tu, unaweka karibu na nyama."

Aliyasema hayo huku akitazama ukuta, na mimi nikamtazama yeye. Nilikuwa nimempikia mwanamume huyu tangu tulipooana kwetu Khwisero, na hakuwahi kuniomba kitu ambacho mama yake hakukipika. Waume wa kwetu hawaoti ladha. Ukisikia mmoja anataja chakula kipya, ujue ameshakila, na amekila mahali ambapo mkewe hakuwapo.

"Umezila wapi?"

"Nimesikia tu watu wakisema."

Nikaondoa sahani. Mtu anaweza kusikia habari za karoti, sawa. Lakini nani alimsimulia kwamba zinang'aa?

Ulikuwa mwaka wa kwanza baada ya Uhuru. Tulikaa Kakamega mjini, katika nyumba za serikali, kwa sababu Cornelius alikuwa karani wa ofisi ya barabara. Mzungu aliyekuwa mkubwa wa ofisi hiyo alikuwa anafunga mizigo arudi kwao, na kila mtu alisema kiti chake kitakaliwa na Cornelius. Mtoto wetu Erastus alikuwa kwa bibi yake Khwisero, anasoma huko. Kwa hiyo nilikuwa na nafasi ya kuona mambo, na mimi si mtu wa kuona kisha nikajifanya sikuona.

Na niliyoyaona hayakunipendeza. Jioni nyingine Cornelius alifika wakati majirani wote wameshakula, akaumega ugali mara mbili tatu, akasema ameshiba. Nikimuuliza, ni kazi. Siku moja nilifua leso yake ya mfukoni nikakuta doa la manjano lenye mafuta. Nililinusa. Ilikuwa siagi, na nyumbani kwetu hapakuwa na siagi.

Nikamweleza jirani yangu Risper, aliyekuwa amekuja kurudisha karai.

"Mboga ya sukari?" Risper akashika kiuno. "Mama Erastus, fungua macho. Sukari inawekwanga kuficha uchungu wa kitu kingine. Huyo amewekewa dawa."

"Na nani?"

"Si huyo anayempikia!"

Kisha akaenda zake. Risper alikuwa na tabia hiyo, anakuwashia moto halafu anarudi kwake kupika chai. Mimi nikabaki na moto wangu.

Nikaenda sokoni. Karoti zililetwa na akina mama wa Lugari, kutoka yale mashamba yaliyokuwa ya Wazungu. Nikamuuliza muuzaji ni nani anayezinunua.

"Hizi kaloti watu wetu hawanunuanga sana, dada yangu. Wahindi wananunua. Na ule msichana wa kwa Mzungu wa barabara, binti ya mpishi. Musimbi. Mrefu, anavaanga viatu vya kulia ko, ko, ko."

Mzungu wa barabara! Nililipa bila hata kuomba nipunguziwe, na anayenijua ataelewa jinsi nilivyokuwa nimechafukwa.

Sikujua kuzipika, lakini hasira ilinipa ujasiri. Nilikaanga kitunguu na nyanya, nikatia karoti, nikajaza maji, nikaongeza chumvi, kisha sukari kwa kiganja. Ukawa mchuzi wa rangi ya kutu, mtamu, wenye vitunguu vinavyoelea. Cornelius alionja kijiko kimoja, uso ukamkunjika.

"Siyo hivi," akasema. "Maji ni kidogo tu, hata hayafuniki karoti. Siagi, sukari, chumvi, vyote pamoja. Halafu hufuniki sufuria. Unangoja maji yaishe, na yakiisha usiguse na mwiko, unatikisa sufuria hivi." Akaitikisa hewani kwa mikono miwili, kiwiko kimetulia, mkono unacheza. "Mwishoni, tone la ndimu."

Cornelius alilelewa kwenye nyumba ambayo kijana akishatahiriwa hakai tena karibu na mafiga. Huyu ndiye aliyekuwa anasimama uani na kuniita nimletee kaa la kuwashia sigara, asije akavuka kizingiti cha jikoni. Leo anajua maji ya karoti yanaisha lini! Mtu hajui hayo kwa kukaribishwa mezani. Amesimama jikoni mwa mwanamke, kando ya jiko, muda mrefu, anatazama mikono yake inavyofanya kazi. Jiko langu hakuwahi kulipa heshima hiyo, na hilo liliniuma kuliko kama angeniambia amelala huko.

Niliosha vyombo, sahani moja ikavunjika, na haikuponyoka mkononi.

Siku iliyofuata, saa ya kufunga ofisi, nilisimama ng'ambo ya barabara nimejitanda leso. Cornelius alitoka na wenzake, akaagana nao, kisha badala ya kuteremka nyumbani akapanda njia ya nyumba za Wazungu. Nikamfuata kwa mbali. Hakuingia kwa lango la mbele. Alizunguka nyuma, kwa kile kijia cha wafanyakazi kilichopita katikati ya ua wa miiba, kama mtu anayeijua njia.

Jua lilikuwa bado liko juu ya miti. Dirisha la jikoni lilikuwa wazi, na harufu ikanifikia kabla sijafika: siagi, sukari inayoanza kushika, na ndimu. Niliitoa leso kichwani nikaifunga kiunoni, maana nilijua napigana. Nikavua viatu. Nikachungulia.

Cornelius alikuwa ameketi mezani, kitambaa cheupe kimechomekwa shingoni kama mtoto anayelishwa uji. Msichana mrefu alikuwa kwenye jiko, amempa mgongo, anatikisa sufuria. Katikati yao alisimama mzee wa mvi mwenye kanzu nyeupe ya mpishi, ndiye Patroba, baba ya Musimbi, na kidole chake kilikuwa kinaelekea mkono wa mume wangu.

"Kushoto," mzee akasema. "Uma inakaa kushoto. Na usichome kama unaua panya. Pole pole."

Cornelius akaisogelea karoti. Ilikatwa duara, imeng'aa kweli. Ikabingirika, ikapanda ukingo wa sahani, ikaangukia meza. Akajaribu nyingine. Nayo ikamkimbia. Jasho lilikuwa limemtoka kwenye paji la uso.

"Karoti ndiyo mtihani," Patroba akasema. "Nyama inatulia. Viazi inatulia. Hii inatorokanga. Na bwana anaipenda, Jumamosi kwa karamu ya kumuaga lazima itakuwa mezani."

Musimbi akacheka bila kugeuka. Hakikuwa kicheko cha mpenzi hata kidogo. Mimi nikajiziba mdomo kwa furaha. Mume wangu hakuwa na mwanamke! Alikuwa na karoti tu, na hata hiyo hakuiweza. Nilianza kuifungua leso kiunoni, niingie nimcheke mpaka achoke, kisha turudi nyumbani pamoja.

"Na mama je?" Patroba akauliza. "Bwana alisema mje wawili. Si umlete tumwonyeshe?"

"Mama haji."

"Kwa nini?"

"Nimeshamwambia bwana ni mgonjwa, amerudi Khwisero." Cornelius akajifuta mdomo. "Mzee, wewe humjui mke wangu Selpher. Atakula na mkono mbele ya wakubwa wote. Atacheka mdomo wazi mpaka watu wageuke. Hiki kiti nimekingoja sana. Siwezi kukipoteza kwa sababu ya mwanamke wa kijijini."

Hapo ndipo Musimbi alipogeuka. "Na wewe, si juzi ulikuwa unashika uma kama jembe?"

"Mimi niko ofisini," Cornelius akasema, na akarudi kuikimbiza karoti yake.

Nikaifunga tena leso. Heri ningemkuta na mwanamke. Mwanamke ningemshika nywele, angepiga kelele, watu wangejaa, na kesho yake ningejua pa kuanzia. Hapa ningemshika nani? Shati lililokuwa chini ya kitambaa kile nilikuwa nimelipiga pasi mwenyewe asubuhi. Nilirudi nyumbani viatu mkononi, na njia nzima nililia, tena kwa ule mdomo wazi anaouonea haya.

Asubuhi, Cornelius alipokwenda kazini, nilikwenda mlango ule ule wa nyuma. Musimbi alifungua, akanitazama mikono kwanza, aone kama nimebeba kitu.

"Wewe ni Mama Erastus."

"Ndiyo. Nimekuja unifundishe karoti."

"Karoti peke yake?"

"Na uma."

Akasogea, nikapita.

Alinionyesha bila maneno mengi. Karoti duara, unene mmoja, ziive pamoja. Maji yafike nusu yake tu. Siagi, kijiko cha sukari, halafu chumvi. "Watu wanaogopanga chumvi wakiona sukari," akasema. "Bila chumvi ni peremende ya watoto." Tukasimama tunasikiliza. Maji yalipokuwa mengi yalitokota, yalipopungua yakaanza kukaanga, sauti ikabadilika, ndipo akanipa mpini wa sufuria nitikise. Nikatikisa mpaka kila duara likavaa ule mng'ao. Akakamua ndimu, akanipa duara moja. Utamu ulikuja kwanza, chumvi ikaufuata, mwisho uchachu, na kabla sijameza nilitaka jingine. Zilikuwa tamu, na nilikasirika kwamba zilikuwa tamu.

"Sasa shika uma. Usiikimbize," Musimbi akasema. "Baba Erastus anakimbiza, ndiyo maana. Izuie na kisu, itulie, halafu uchukue."

Nilirudi asubuhi baada ya asubuhi. Mzee Patroba alinikuta siku ya pili, akaguna, kisha akanivutia kiti.

Huko nyumbani Cornelius akawa mpole ghafla. Akaniambia Jumamosi atakuwa na kazi nyingi. Akaniuliza kama sijamkumbuka mtoto. Si ningepanda Khwisero nikakae huko siku chache? Alisema uongo huo kwa sauti tamu hivi kwamba mke mwingine angeanza kufunga nguo. Nilimwambia nitafikiria.

Ijumaa jioni nilipika. Nyama, viazi, na karoti. Nilitandika kitambaa mezani, nikaweka sahani mbili, na uma na visu nilivyoazima kwa Musimbi, vya Cornelius na vyangu. Cornelius akaketi akivitazama. Kisha akaziona zinang'aa kwenye bakuli. Akachukua duara moja kwa kidole, akatafuna, akaacha kutafuna.

"Umejifunza wapi?"

"Nimesikia tu watu wakisema."

Akanitazama. Nilijua anavyonitazama, maana mimi ndiye niliyemtazama hivyo siku ile.

"Sokoni?"

"Watu wako wengi."

"Selpher, mchana unaendanga wapi?"

Nilimwacha na swali lake limtafune kidogo, mimi nilishatafunwa vya kutosha. Nikashika uma kwa kushoto, kisu kwa kulia. Nikaizuia karoti, ikatulia, nikaichukua, nikala mdomo umefungwa. Nikachukua nyingine. Cornelius naye akashika uma wake, ili asiachwe nyuma mezani kwake mwenyewe. Karoti ikabingirika, ikaruka ukingo wa sahani, ikatua kwenye kitambaa katikati yetu, imeacha doa la siagi.

Hakuna aliyecheka.

"Mwambie bwana wako," nikasema, "mke wako amepona. Ameshatoka Khwisero."

Mdomo wake ulifunguka, ukakaa wazi. Nilitaka aniombe msamaha. Nilitaka sana, nilimngoja. Hakuniomba. Alitazama mikono yangu, kisha kisu, kisha mikono yangu tena.

"Nitamwambia asubuhi," akasema mwishowe, kwa sauti ndogo. "Tutakwenda wawili."

Akanyoosha vidole kuiokota ile karoti kwenye kitambaa. Nikamuwahi kwa uma wangu, nikaichoma, nikaila huku namtazama machoni.