Faili Linaloamka Kwanza

Siku ile mjinga ni Shamte, na hana wa kumsingizia. Ameikalia mashine ya gemu ya mkewe Tunu, ile ndogo ya kushika mkononi, kioo kikapasuka. Na ndani yake kuna mji mzima ambao Tunu aliujenga nyumba moja moja, miezi ile daktari alipomkataza kunyanyuka kitandani, mpaka mtoto akazaliwa salama. Usijali mama Salha, amemwambia, nauhamishia kwenye kompyuta. Programu ya kuiga mashine ameipata, mji ameunakili kutoka kwenye kadi ya kumbukumbu, lakini programu inadai faili la mfumo, lile linaloiamsha mashine kabla ya gemu lolote. Shamte kaokota mtandaoni faili la mashine nyingine kabisa, kalibadilisha jina lifanane na linalotakiwa, kabonyeza. Skrini nyeusi. Kabonyeza tena, nyeusi vilevile, kaegemeza shavu juu ya vitufe, na weusi ule ukafunguka kama mlango.

Anaingia. Barabara inakwenda, inajikunja, inarudi miguuni mwake, na kila akipiga hatua barabara nayo inapiga yake. Mbele uko mji wa Tunu, ule ule, msikiti wa buluu, bustani ya maboga, ila umegeuka kama unatazamwa kwenye kioo, upande wa kulia uko kushoto, na madirisha yote yamefumba. Getini amekaa mlinzi asiye na uso, anamenya chungwa. Hodi, anasema Shamte. Hodi ya nani? Ya mfumo, anajibu, na kuonyesha kofia aliyoiandika jina hilo. Mlinzi anacheka bila mdomo. Kofia nimeiona, bwana we, kichwa kiko wapi? Basi nielekeze kilipo, Shamte anabembeleza, mke wangu ataupoteza mji huu. Kinachouamsha mji, anasema mlinzi, kimelala pale pale ulipokikalia. Shamte anang'amua: kilichopasuka ni kioo tu, cha ndani ni kizima! Anakimbia, barabara inakimbia naye, anapiga kelele, Tunu, chomeka waya, linakili kutoka kwenye mashine yenyewe! Nyuma yake dirisha linafumbuka, na jingine, na mtaa mzima.

Anazinduka, shavu lina alama za vitufe. Mashine iliyopasuka imechomekwa waya ubavuni mwa kompyuta, na kwenye skrini mji umewaka taa. Getini kuna kijitu hakina uso, kinamenya chungwa. Shamte anajigusa pua kuhakikisha kama ipo. Tunu kakaa kando, mtoto mgongoni, vidole vinatembea kwenye vitufe alivyovichomoa chini ya shavu la mumewe.

Umeona? Nimelipata lile faili, anasema Shamte.

Umepata nini, baba Salha, nawe unakoroma tangu adhuhuri? Nimelitoa mimi kwenye mashine yangu.

Na nani kakuelekeza? Si mimi niliyekuita kule getini?

Kumbe kazi zako unazifanyia usingizini, anasema Tunu bila kuinua macho. Basi lala tena, ukaoshe na vyombo.