Mkunga Aliyeshindwa Kung'oa

Mtu akikaa miaka thelathini na mitano akipokea watoto wa wenzake, mikono yake hujifunza jambo moja: kilichotoka hai hakitupwi. Ndiyo maana mkunga mstaafu wa mtaa ule, mwanamke ambaye damu haikuwahi kumtetemesha, alisimama nyuma ya jiko lake asubuhi moja akashindwa kung'oa mche wenye majani mawili tu.

Miche yenyewe ilikuwa ya zinia, yale maua ya duara yenye petali zilizopangana safu kwa safu, yanayopenda jua kama mjusi wa ukutani. Mbegu hazikuwa zake. Zilikuwa za wifi yake, dada wa marehemu mumewe, aliyekuwa akiishi naye. Mtaa mzima ulimwita Jemadari kwa sababu kuomba hakujui, anajua kuamuru tu. Jemadari alizipanda zinia hizo kila mwaka tangu usichana wake, akivuna mbegu na kuzirudisha ardhini, na rangi yao ya zambarau iliyokolea huikuti dukani hata ukizunguka mji mzima. Mwaka uliopita aliteleza bafuni akavunjika nyonga, na maua yakakauka na kupukutika bila mtu wa kuyavuna. Ikabaki bahasha moja ya mbegu kuukuu. Mbegu za zinia zikizeeka haziamki tena, kwa hiyo ilikuwa ama msimu huu, ama buriani.

"Mtaka cha mvunguni sharti ainame," Jemadari alisema kutoka kwenye kiti chake cha dirishani. "Mimi kuinama ndiyo basi. Utainama wewe, wifi."

Mkunga akainama. Alilima tuta la hatua nne kando ya ukuta, mahali panapopigwa jua tangu asubuhi hadi alasiri, akavunja mabonge na kuchora mfereji kwa kidole. Jemadari alimwelekeza aweke mbegu mbili mbili kila shubiri moja na azifunike kwa udongo kidogo tu, kama anayetia yai chumvi. Hapo ndipo mkunga alipojifanya mjuzi. Mbegu kuukuu, alijisemea, nusu zitakufa. Akaimwaga bahasha yote.

Siku ya tano tuta lilikuwa kijani kutoka mwanzo hadi mwisho. Zilizokufa zilihesabika kwa vidole.

"Sasa ng'oa," Jemadari alisema. "Kila shubiri bakiza mmoja."

"Lakini yote mizima, wifi."

"Ndiyo maana nasema ng'oa. Mfu anang'olewa ya nini?"

Mkunga aliitikia vizuri, kisha akafanya lake. Kila Jemadari alipojilaza mchana, yeye alitoka na kijiko kuihamisha miche kwenye makopo ya rangi, ndoo zilizotoboka na sufuria moja iliyokuwa bado inatumika. Zinia haipendi kuguswa mizizi, na kuihamisha saa saba za mchana ni kuichoma. Mingi ilinyauka palepale. Iliyonusurika aliigawa mtaani. Fundi viatu wa jirani alipewa makopo matatu na maelekezo marefu kuliko anayopewa mzazi wa kwanza, na baada ya wiki yote matatu yalikuwa makavu.

"Mwambie mkeo asisikitike," mkunga alimwambia kwa upole.

"Kusikitikia kopo?" fundi akashangaa.

Kwenye tuta kwenyewe bado kulikuwa na msongamano wa sokoni. Miche ilirefuka ikawa myembamba kama njiti, kila mmoja ukimkanyaga mwenzake kulifuata jua. Wiki ya nne majani ya chini yakapakwa ukungu mweupe, kama yamenyunyiziwa unga. Mkunga akaanza kuyaosha kwa maji jani moja moja kila jioni, na ukungu ukashukuru ukapanda juu. Alipoona hivyo aliingiwa na hofu ya kweli, ila hofu haikumpa ujasiri wa kung'oa.

Siku ya pili yake alisikia magongo yakigonga sakafu. Jemadari, ambaye kwa miezi hakuwa amevuka mlango wa nyuma, alikuwa amesimama kizingitini akihema.

"Wifi, mbegu zangu zinaisha huku nazitazama."

"Naitibu miche. Nipe wiki moja."

"Hapa si wodini."

"Siwezi, wifi!" Mkunga alikuwa ameinua sauti bila kujua. "Nitaachaje huyu na kumtoa huyu? Maisha yangu yote sijawahi kuchagua."

"Mwongopee fundi viatu," Jemadari alisema. "Si mimi."

Mkunga aliweka chini kata ya maji. Miaka thelathini na miwili walikuwa wamelikwepa jambo lile, wakila meza moja. Siku ile daktari hakuwepo na zamu ilikuwa na mtu mmoja tu, yeye. Aliyelala kitandani alikuwa wifi yake, damu ikimtoka kama bomba lililopasuka, na pembeni kulikuwa na mtoto aliyezaliwa hapumui. Mkunga alikuwa na mikono miwili. Yote miwili aliiweka kwa mama.

"Ulinichagua mimi," Jemadari alisema. "Nilikuwa nazimia, lakini nilikuona ukimtazama, halafu ukanigeukia mimi. Nimengoja uliseme, wewe ukajitia hamnazo. Nami nikanyamaza."

"Nilidhani unanichukia."

"Mwaka wa kwanza nilikuchukia. Baadaye nikaona nipo, napika, napanda maua yangu, nagombana na watu. Ningekuchukia nikiwa wapi?" Alihamisha uzito kwenye gongo la pili. "Ng'oa, wifi. Nyonga inauma na siwezi kusimama hapa mpaka kesho."

Mkunga alilia. Alilia kwa aibu na kwa nafuu pamoja, bila kujificha, huku amepiga magoti kwenye tuta. Kisha akapiga moyo konde akaanza. Alitoa kwanza iliyojaa ukungu, halafu myembamba, halafu ile iliyokuwa mizuri lakini imekaa karibu mno na mwenzake, na hiyo ndiyo iliyomuuma zaidi. Jemadari alisimama pale pale hadi mwisho, akielekeza kwa kidevu. Ilibaki kumi na minne.

Kuanzia hapo maji yalimwagwa asubuhi, shinani, si majanini. Ncha za juu zilikatwa ili miche itoe matawi. Majani mapya yalikuja safi. Ua la kwanza la zambarau lilifunguka wiki ya tisa, na Jemadari akapiga marufuku mtu kulikata, akisema ni la mbegu.

Maua yalipokauka na kuwa ya kahawia, waliyakata wakakaa nayo mezani, sahani katikati. Unashika kichwa cha ua, unakifikicha kwa dole gumba, mbegu zinaanguka kama vipande vya kucha.

"Alikuwa wa kike au wa kiume?" Jemadari aliuliza bila kuinua macho.

Mkunga akaacha kufikicha. Ni kweli, hakuwahi kumwambia. Jemadari alilala na homa wiki tatu, na alipoamka mazishi yalikuwa yamepita, kila mtu akiogopa kulitaja jambo lile.

"Wa kike," alisema. "Mzito. Nywele tele."

"Alifanana na nani?"

"Na wewe, wifi. Kidevu hicho hicho."

Jemadari alikigusa kidevu chake kwa vidole vyenye makapi. Halafu akavuta ua jingine, na wakaendelea kufikicha mpaka sahani ikajaa.