Mashine ya Vilimaina

Bosi wetu, Bwana Jitendra, hakuwa na imani na programu inayoandika programu. "Vilimaina, mtu anaandika kwa mkono wake," aliniambia. "Hayo mengine ni uganga."

Ofisi yetu ya Suva, mji mkuu wa visiwa vyetu, ilitengeneza mfumo wa kuonya watu kimbunga kinapokuja. Onyo moja lilipaswa kufika kwenye simu, redio na ving'ora vya visiwani, na kila chombo kilikuwa na lugha yake ya programu. Timu tatu ziliandika jambo lilelile mara tatu, na hazikupatana hata siku moja. Kimbunga cha mwisho kilipokuja, simu zilionya na king'ora cha kisiwa cha Kadavu, kwetu, kikanyamaza. Nilikasirika, na hasira ile sikuimeza. Nikaandika programu, nikaiita mashine yangu: unaieleza kanuni za onyo mara moja, nayo inakuandikia programu za lugha zote tatu. Juu ya kila faili iliyotoka, mashine iliweka onyo kwamba isiguswe.

Wizara iliyotupa kazi hiyo ikasema itakuja kutujaribu. Tungeongeza kiwango kipya cha onyo mbele yao, papo hapo. Tukishindwa, kazi inakwenda kwa kampuni ya ng'ambo.

Walikuja asubuhi, wakiongozwa na Bi Salaseini, mama asiyecheka ovyo. Nikaongeza mstari mmoja na kuiamuru mashine iandike yote upya. Simu zikalia. Redio ikasema. King'ora cha majaribio, juu ya paa letu, kimya.

Nikamtazama Apenisa, fundi wa ving'ora. Kwao na kwetu ni watani, kwa hiyo huwa hatuoneani haya.

"Mtani, umegusa faili?"

"Kidogo tu. King'ora kinachelewa kuamka, kinaukosa ujumbe. Nikaongeza mstari wa kukiamsha."

"Kwa mkono? Kwenye faili ya mashine?"

"Kwa mkono."

"Na mashine imeandika upya, imekufutia. Hukusoma pale juu?"

"Mtu wa kwenu akisema usiguse, mimi ndiyo kwanza nashika."

"Nilisema mimi," Bwana Jitendra alinong'ona.

Nilitaka kumrushia Apenisa kiti. Lakini alichokijua kilikuwa kweli, na kosa lilikuwa mahali alipokiweka tu. Nikafungua mashine yenyewe, nikaifundisha kwamba kila king'ora huamshwa kwanza, kisha hupewa ujumbe. Nikaiamuru tena.

Paa likanguruma. Sokoni, chini, wauza magimbi wakainua vichwa wote.

Bi Salaseini hakutabasamu. "Huenda mlijiandaa. Ongezeni kingine. Cha mafuriko ya mito."

Nikanyoosha mkono, lakini Bwana Jitendra akauzuia. "Pisha, binti."

Akakaa kwenye kiti changu. Mtu aliyeandika kwa mkono tangu sijazaliwa akaandika mstari mmoja, akaukagua, akaiamuru mashine. Simu, redio na king'ora vikasema mafuriko kwa pamoja. Akanigeukia.

"Na ving'ora vyote vya visiwani?" akaniuliza.

"Vyote, bosi. Hata Kadavu."

Bi Salaseini akamgeukia msaidizi wake. "Wale wa ng'ambo waambie wasihangaike kuja."

Nililia mbele ya watu wote, wala sikuona aibu. Bwana Jitendra hakuniona. Alikuwa tayari anaandika kiwango kingine.