Malkia wa Vichwa

Mdogo wangu alidhani msiba ni nafasi tupu kitandani, ukiijaza umekwisha. Hata machozi hayajanikauka akaniletea kitindamimba wake, tumwitaye Kitinda, na begi lake, eti aniondolee upweke. Mume wangu akamkaribisha. Mimi nikamwonyesha kitanda cha marehemu mwanangu kwa kidole, nikarudi jikoni.

Sikumpenda, nisiseme uongo. Alikula taratibu, aliosha vyombo bila kuambiwa, alitembea kama anayeiomba sakafu radhi. Yote hayo yaliniudhi. Mwanangu mimi alikuwa anavunja vikombe. Siku moja mtoto wa watu akajisahau, akaniita mama. Nikamkata hapohapo.

"Mama mkubwa," nikamwambia. "Mama yako yuko kwenu."

Hakurudia tena.

Chumbani mle nilimkataza kugusa kitu kimoja tu, nyumba ya sisimizi. Mume wangu ni fundi saa; ndiye aliyebana vioo viwili na kushindilia udongo katikati. Mwanangu akamtia humo malkia aliyemwokota uani baada ya mvua, mabawa yake yametoka tu kupukutika. Kwa huyo mmoja wakazaliwa wengine wote: vijakazi wadogo, na wale wenye vichwa vikubwa kuliko miili, wanaovunja mbegu kwa taya. Mwanangu aliwaita wote Vichwa. Baba yake naye akamwita yeye Profesa, kwa sababu ukimuuliza swali moja unapewa somo zima.

"Mama, unajua kuna aina zaidi ya elfu moja za Vichwa?" aliniambia siku moja. "Wako kila bara, isipokuwa kule kwenye barafu tupu."

Alibandika ramani ya dunia ukutani, akawa anatia nukta nyekundu kila mahali wanapoishi: misituni, majangwani, hata visiwa vya mbali ambako walifika wamejificha kwenye udongo wa vyungu vya maua. Kalamu ikaisha wino dunia haijaisha.

"Sisimizi ni sisimizi tu," nikamtania.

"Kwako wewe. Wenyewe wanajuana kwa harufu."

Homa ilimchukua kwa siku chache tu. Nikabaki na Vichwa. Kila asubuhi, kabla ya kwenda kwa dobi ninakopiga pasi nguo za watu, niliwapa ufuta uliopondwa na pamba yenye maji ya sukari, kisha nikamtafuta malkia kwa lenzi ya mume wangu. Nikimwona anatikisika, miguu yangu inapata nguvu ya kutoka mlangoni. Alikuwa kitu pekee chenye uhai alichoniachia mwanangu, na nilikuwa nimeapa hatakufa mikononi mwangu.

Jumamosi moja mvua kubwa ilinyesha. Niliporudi nilimkuta Kitinda amepiga magoti mbele ya vioo, gauni limelowa, kibiriti kitupu mkononi.

"Nilikukataza nini?"

Nikamsogeza kando, nikachukua lenzi. Malkia alikuwa kwenye njia ya juu waliyoichimba udongoni, na Vichwa wamemvamia. Vijakazi wameng'ang'ania miguu yake, kila mmoja anavutia kwake, na wale wakubwa wanamtafuna kiunoni. Nikapiga ukelele. Mume wangu akaja mbio, kibano cha saa bado kiko mkononi.

"Wanamuua mama yao! Mtoto huyu amewafanya nini?"

Mume wangu aliinama akatazama kwa muda.

"Huyu si wa kwao," akasema. "Mama yao yule pale chini."

Kwenye kona ya chini alilala malkia wetu, amekauka, vijakazi wamemzunguka wanamlamba.

"Alikufa juzi, mama mkubwa," Kitinda akasema, macho chini. "Wao hawajui. Bado wanampelekea chakula."

"Asubuhi nimemwona anatikisika!"

"Ni wao waliokuwa wanamtikisa. Nikaogopa ukijua utalala tena bila kula. Mvua ilipokatika nikamtafuta mwingine huko nje, nikamleta kwenye kibiriti. Niliona wanafanana kabisa."

Walifanana kweli, hata mimi mwenye lenzi nilidanganyika. Mume wangu akamtoa yule mgeni kwa kibano, akamweka juu ya karatasi. Miguu ya upande mmoja ilikuwa imebaki kwa Vichwa. Alizunguka palepale, akazunguka tena, akatulia. Nikalia kwa sauti ambayo sikuitoa hata siku ya mazishi. Nilimlilia malkia wa mwanangu, nikamlilia na huyu mdudu wa uani asiye na kosa, aliyetiwa kwenye nyumba ya wenyewe bila kuulizwa.

"Bila malkia watapungua mpaka waishe," mume wangu akasema polepole. "Hakuna la kufanya."

Nilipoinua uso, Kitinda alikuwa amevuta begi lake kutoka chini ya kitanda, anakunja gauni la kulalia. Nguo zake zote zilikuwa mle begini. Tangu aje hakuwa ametundika hata moja, kwa sababu kabati lilijaa nguo za mwanangu, na mimi sikuwahi kumwambia weka zako hapa.

"Kesho nitarudi kwetu, mama mkubwa," akasema. "Mama akiuliza nitamwambia ni mimi niliyetaka."

Nikaenda kabatini, nikafungua. Harufu ya mwanangu ikanijaa usoni, nikaegemea mlango kwanza. Kisha nikazisukuma nguo zake upande mmoja kwa mkono wote. Nafasi iliyopatikana ilikuwa ndogo, ya magauni mawili au matatu.

"Lete hizo nguo zako, mwanangu," nikasema, nikamnyooshea mkono.

Aliutazama ule mkono. Akalikumbatia gauni lake kifuani, akarudi nyuma mpaka akaugusa ukuta wenye ramani. Mtoto alikuwa ananiogopa.