Maua ya Mama Redio

na ndoo kaja nayo, hakuona hata haya ya kuificha nyuma ya gauni, saa nne asubuhi, anagonga geti langu kama mwenye haki, hodi shemeji, hodi shemeji, na mimi nimesimama hapa ndani, mkono kwenye komeo, sifungui, nachungulia tu kwenye upenyo, nenda kashone nguo za watu mama, una cherehani nyumba ya tatu tu hapo, niache, lakini wapi, wote hawa ni wale wale, tangu mke wangu azikwe hawajanipa nafasi ya kupumua, wiki ya kwanza tu alikuja mwalimu wa chekechea, pole shemeji, pole sana, machozi yanamtoka, kumbe jicho limeshafika kule ukutani, naomba kishina kimoja cha yale maua ya buluu, kimoja tu... kimoja tu! Kila mtu kimoja tu, na mke wangu naye neno hapana halikuwemo mdomoni mwake, mvua zikikaribia ameshapiga magoti na kisu cha mkate, anang'oa kichaka kizima, anakipasua, huyu chukua, na wewe chukua, sisi wenyewe anaturudishia ardhini kitu kama kiganja, nikimwambia utayamaliza anacheka, mpaka mtaa mzima maua wakayaita Mama Redio, jina lake yeye, alilolipata kwa kazi yangu mimi, mimi ndiye fundi redio, sasa napita njiani nasikia Mama Redio wangu amechanua, Mama Redio wangu kaliwa na konokono, wangu, wangu, tangu lini? Nikasema basi, yametosha, haya yaliyobaki ni yangu, nikayazungushia waya, geti nikaliongezea komeo la pili, miaka mitatu hajakanyaga mtu...

anasema nini huyu, mbona haondoki, anasema mvua, anasema kwake maua yamejaa mpaka kwenye ngazi, ndiyo, jisifu, kwangu hayajajaa kwa sababu ya jua, mwaka huu jua limekuwa kali, na mwaka jana ile mbolea ilikuwa ovyo, na mwaka juzi sijui nini, likatoka bua moja tu, likainama, mwaka huu hata hilo moja hakuna, majani matupu yamesongamana, katikati pamekauka pamekuwa upara, na nimeyamwagilia asubuhi na jioni, nimeyamwagilia kuliko mke wangu mwenyewe alivyoyamwagilia, nani atasimama aseme sikuyatunza, kitu chenyewe cha mwisho alichoniachia chenye kupumua, nani...

"Shemeji, nimekuletea," anasema, anainua ndoo mpaka usawa wa upenyo, na ndani mna majani mabichi, mizizi minene myeupe, udongo mbichi bado umeing'ang'ania, kaniletea? Mimi? Nani kamwambia nina shida, kachungulia ukutani, wamechungulia wote, mtaa mzima unajua kwangu hayachanui, nimekaa midomoni mwao, yule mzee na waya wake, na hasira inanipanda mpaka masikioni, nataka kumwambia rudi na ndoo yako, sijaomba kitu mimi, nimefungua mdomo kabisa, lakini yeye anaendelea taratibu, kama anayezungumza na mgonjwa.

"Yasipogawanywa yanajinyonga yenyewe, shemeji. Alituambia sote. Ukitaka yaishi, yakate uyatoe."

alituambia sote, sote ndio akina nani, mimi je, miaka thelathini na moja kitanda kimoja, sahani moja, siri hii anawapa washona nguo na walimu, mimi ananiacha niyaue kwa mikono yangu, kwa maji yangu, kwa waya wangu, kwa nini hukuniambia, mke wangu, nakuuliza wewe, ungefungua mdomo ukaniambia ningefanya, mimi si mtu wa kuambiwa mara mbili, mara moja tu ilitosha, siku moja tu, ungeniita... 

huyu nje kahamishia ndoo mkono wa pili, anangoja, na mimi nimwambie nini mtu wa watu, nimwambie aliniita? Aliniita. Kila mwaka aliniita, baba njoo unishikie hapa nivute, njoo mara moja uone yanavyokatwa, siku moja utayakata mwenyewe, alikuwa pale ukutani magoti yamejaa tope, mimi dirishani kwenye meza ya kazi, hazifiki hatua kumi, nilimsikia, nilimsikia vizuri sana, nikamjibu we kata tu, mimi nina kazi za watu hapa, na wala sikugeuza shingo.