Jua la Miche ya Ntuntunu

Monique aliotesha mbegu za ntuntunu, lile tunda dogo la manjano, ndani ya trei ya mayai, juu ya kabati la vyombo, kwa sababu kuku wa mtaa wa Namuwongo hawana adabu. Kila kishimo alikijaza udongo uliochekechwa, akadondosha mbegu mbili, akazifunika kwa vumbi jembamba tu, maana mbegu ile ni ndogo kama chembe ya mchanga na ukiizika chini sana imekwenda. Jioni aliishusha trei karibu na sigiri iliyomaliza kupika, ipate lile joto la mwisho. Mbegu zilitoka kwenye tunda alilokuja nalo kutoka kwao Butembo, ng'ambo ya mpaka, likiwa limekauka ndani ya ganda lake la karatasi. Hakuwa na nyingine.

Siku ya kumi na tano miche ilichomoza, arobaini kamili. Wiki hiyohiyo mwenye ghala la nyuma aliinua ukuta mpaka ukaliziba dirisha la Monique, na madirisha ya vyumba vingine vitano vya safu ile. Hakubisha hodi wala hakuomba radhi. Mlango nao ulitazama ujia ulioezekwa mabati, hivyo chumba kikawa giza mchana kutwa. Miche ikarefuka na kukonda, yote ikauinamia ukuta. Monique aliigeuza trei. Ikauinamia tena. Roho ilimuuma, kwa kuwa mche wa ntuntunu ukikosa mwanga wiki moja zaidi ni wa kutupa.

Alikwenda kushtaki kwa mwenyekiti wa mtaa, Dawudi, naye akaahidi kuja Alhamisi ya wiki mbili mbele.

Jumanne, saa moja asubuhi, jua lilichomoza nyuma ya kilima cha Mbuya, likapita katikati ya matofali ya ghala, likaingia chumbani kwa Monique na kukaa juu ya trei. Halikuvunja kitu. Kule Kibuli, mtaa wa jirani, asubuhi ilichelewa kidogo na waliokwenda kazini walivaa masweta. Monique alisogeza mtungi wa maji pembeni usije ukachemka, akaendelea kuchambua maharage. Saa tatu jua liliondoka. Kesho yake lilirudi saa ileile.

Phelister, Mkenya muuza chapati wa chumba cha tatu, alikuja na beseni la nguo.

"Monique, si uniachie hata nusu saa nianike hizi uniform? Kwangu ni giza totoro."

"Anika tu, dada. Lakini usitiye miche kivuli."

Na miche ile, jamani, ilikuwa ya kutazamwa. Ilinenepa shina, ikafungua majani yenye manyoya laini. Kila asubuhi Monique aliipapasa kwa kiganja, mara ishirini kwenda na mara ishirini kurudi, ili mashina yazoee upepo kabla hayajakutana nao. Mama yake alifanya hivyo.

Alhamisi aliyoahidi, Dawudi alifika na daftari. Alivua viatu mlangoni na kukinga macho.

"Mama, dirisha yako iko wapi?"

"Ile pale, chairman. Ukuta iliifunga."

"Lakini jua iko ndani."

"Inakuyaka sababu ya miche. Haikuye sababu yangu. Na kwa bengine bote ni giza, uende uangalie."

"Mimi naandika kitu mimi naona," Dawudi alisema, bila ubaya wowote, akaandika. Kisha aliinama akaisifu miche kwa dhati. Alisema hajapata kuona mizuri kama ile, na kweli hakuwa amepata. Vyumba vingine hakuvifikia, alikuwa na kikao.

Wiki ya sita miche ilitaka kutoka. Phelister alimsihi aiache.

"Ukiitoa, na jua nayo itaenda. Utabaki kama sisi."

"Ninajua. Lakini ikikawia mu trei, mizizi inajifunga. Inakufa bure."

Siku ya kwanza aliitoa nje robo saa, kivulini, naye akasimama kando yake na fimbo ya kufukuzia kuku. Asubuhi iliyofuata jua lilipunguza robo saa ya kukaa ndani. Alipoitoa kwa saa nzima, jua lilipunguza saa nzima. Siku ya nane lilibaki nje pamoja na miche, kama majua mengine yote. Monique hakulilaumu. Aliipanda miche ndani ya magunia ya udongo kando ya mfereji, gunia moja kwa kila chumba na mawili ya ziada, akayazungushia chandarua kikuukuu. Hakuna mche hata mmoja uliolegea. Wapita njia walisimama kuuliza ni nani mwenye mkono huo, na Phelister akajibu kwa majivuno utadhani ni wake.

Jumatatu barua ya mtaa ilifika. Monique aliketi kitandani, akawasha tochi ya simu ili aisome. Ilikuwa saa sita mchana. Barua ilisema ukaguzi umefanyika, chumba cha mlalamikaji kina mwanga kuliko vyumba vyote vya mtaa, na ukuta ubaki ulivyo.

Aliisoma mara mbili, mara ya pili kwa sauti, ili Phelister, aliyekuwa amesimama gizani karibu naye, aisikie vizuri.