Uzito wa Kiti cha Nyuma

Ilikuwa Jumamosi, saa tatu asubuhi, na mvua iliyonyesha tangu alfajiri ilikuwa imekatika bila kuondoka na mawingu yake. Magurudumu manne mapya yaliegemea ukuta wa karakana, yamefungwa nailoni, yanang'aa kuliko kitu kingine chochote humo ndani. Mbele yake lilisimama gari dogo la milango mitano, la kijivu, lililopandwa na matope hadi kwenye vitasa. Mgeni angeyatazama magurudumu na gari akadhani kuna mtu amemletea mkulima viatu vya dansi.

Fundi hakudhani hivyo. Magurudumu yale aliyachagua yeye.

Alikuwa mwanamke wa makamo, mwenye stashahada ya ufundi wa magari na karakana iliyopangwa kama kabati la dawa: spana kwa ukubwa wake, nati kwa aina yake, matairi kwa kipenyo chake. Wiki iliyotangulia, shemeji yake, mume wa mdogo wake, alimpigia simu kwa sauti ya chini. Alitaka kumshtukiza mkewe kwa zawadi, na zawadi yenyewe ni rimu kubwa.

"Lile gari lina miguu ya kuku, shemeji," alisema. "Nataka likipita, watu waulize ni la mke wa nani."

Fundi alifanya hesabu kwa furaha. Gari lilikuwa limetoka kiwandani na rimu za inchi kumi na nne. Ukipandisha rimu hadi inchi kumi na sita, huna budi kushusha ukuta wa tairi, ili gurudumu zima libaki na kimo kilekile. Vinginevyo saa ya mwendo itamdanganya dereva. Alitafuta mpaka akapata tairi pana, lenye ukuta mfupi, ambalo kimo chake kilitofautiana na cha lile la zamani kwa unene wa ukucha. Likabaki swali moja ambalo kila mteja wake huulizwa: gari hubeba nini?

"Yeye na mkoba wake," shemeji alijibu.

Fundi akaridhika. Kwa kawaida swali hilo humwuliza dereva, na dereva wa gari hili alikuwa ndugu yake wa tumbo moja. Lakini zawadi ni siri. Tena, miezi michache iliyopita, ndoa ile ilikuwa imeingia ufa. Mdogo wake, mkunga katika zahanati iliyo mbali na lami, alikuwa amemjia jioni moja na begi moja na macho makavu. Fundi alimpikia, akamtandikia, na kulipokucha akamrudisha kwa mumewe. "Nyumba haibomolewi kwa sababu paa linavuja," alimwambia. Hakuuliza linavuja wapi. Sasa mume mwenyewe alikuwa akitafuta zawadi. Fundi aliona ufa unazibwa, na hakutaka kuwa mtu wa kutia kidole kwenye lipu ambayo bado ni mbichi.

Kwa hiyo asubuhi ile aliyavua magurudumu nailoni kwa mikono yake mwenyewe, akamkabidhi msaidizi wake ayafunge.

Msaidizi huyo aliitwa Jeki. Jina hilo alilipata siku aliyoinua pembe ya gari kwa mikono kumwokoa paka, na tangu hapo hakuna aliyelikumbuka jina alilopewa na wazazi wake. Alikuwa na kifua cha pipa na mdomo usiojua kufungwa.

"Yamekaa," Jeki alitangaza baada ya kukaza nati ya mwisho. "Yamependeza. Ila gari sasa linafanana na mtu aliyeoga miguu tu."

Shemeji alicheka kwa nguvu. Alikuwa mtanashati, shati limepigwa pasi hadi mikono. "Jeki, husuda itakuua. Litaoshwa."

"Nihusudu nini, bwana shemeji? Mimi natembelea miguu niliyopewa bure. Haihitaji hata upepo."

Mkunga alikuwa amesimama kando, tayari na sare yake ya kazi, kwa maana zamu yake ilianza mchana. Mumewe akamgeukia. "Mbona umenyamaza, mke wangu? Hujapenda?"

"Nimependa. Asante sana, mume wangu."

Fundi aliisikia asante ile. Ilitoka haraka, imekunjwa vizuri, kama shuka la wodini. Alikuwa amemlea mdogo wake huyu tangu akiwa anatambaa. Alizijua asante zake zote, na hii hakuwahi kukutana nayo.

Shemeji alipotoka kwenda kupiga picha za gari kwa upande wa nyuma, mkunga alisogea penye mashine ya upepo.

"Dada, huu ukuta wa tairi mbona mfupi hivi?"

"Rimu zimekua, ukuta umepungua. Kwa gari lisilo na mzigo, halina neno. Barabara yenu siku hizi ikoje?"

"Ilivyokuwa. Mashimo yamezaa, yana wajukuu."

"Basi uyakwepe. Nitalipakia sasa, nilisikilize, kisha nikuruhusu."

Hiyo ndiyo iliyokuwa kanuni ya karakana. Mafundi wengi hupima gurudumu jipya gari likiwa tupu: wanazungusha usukani mpaka mwisho, wanaona hakuna kinachogusana, wanampa mteja ufunguo. Yeye hakuruhusu gari litoke kabla halijabebeshwa watu. Springi zikishuka ndipo gurudumu linaposema kweli, alizoea kuwaambia wateja wenye haraka.

"Usilipakie," mkunga alisema.

"Kwa nini?"

"Liache tu, tuondoke. Ukiliona lina kasoro, jioni yangu itakuwa ndefu."

Fundi alikuwa ameshaokota kitambaa cha kufutia mikono. Alibaki nacho. Miezi michache iliyopita angejibu kwa methali, na methali zilikuwepo, zimejipanga ulimini kama spana zake. Badala yake aliuliza, "Ndefu vipi?"

Mkunga aliutazama mlango. Sauti ya mumewe ilisikika huko nje, akimweleza Jeki namna ya kusimama ili kivuli chake kisiingie pichani.

"Hanipigi, kama hilo ndilo unaloogopa kuuliza. Hununa. Anaweza kununa wiki nzima, na wiki hiyo ufunguo wa gari langu hukaa mfukoni mwake. Mwezi uliopita niliitwa kwa mama mmoja, nikaenda kwa miguu. Nilimkuta ameshajifungua, peke yake, sakafuni."

"Ikawaje?"

"Mama alipona," mkunga alisema. "Mama tu."

Mashine ya upepo ilijiwasha, ikanguruma, ikajizima. Fundi alisimama mbele ya mdogo wake akiwa na maarifa yote ya magurudumu na bila hata moja la kumfaa. Alikumbuka asubuhi ile alipombebea mdogo wake begi hadi garini. Alikuwa amelibeba kwa fahari, kama mtu anayerudisha kitu kilichopotea kwa mwenyewe.

Kisha aliita, "Jeki! Panda kiti cha nyuma. Na wewe, shemeji, panda naye. Mdogo wangu, shika usukani."

"Mimi tena?" shemeji aliuliza, simu bado mkononi.

"Ni utaratibu wetu."

Waliweka na gunia la mchanga kwenye buti. Jeki aliingia kwanza, gari likainama. Shemeji alijikunja pembeni yake, akilinda shati lake.

"Mbona mnatupakia kana kwamba tunahama?"

"Vumilia, bwana shemeji," Jeki alisema. "Mimi ndiye mzani wa karakana hii. Hujaona siku nilizokula vizuri."

Mkunga aliwasha gari. Fundi alitembea kando yake, ameinamia gurudumu la nyuma, huku gari likizunguka uani polepole. Kwenye sakafu tambarare hapakuwa na shida. Lilipofika penye tuta la mfereji, karibu na lango, lilipanda, likashuka, na wakati wa kushuka ikasikika sauti ndogo, kama ya mtu anayesaga meno usingizini.

"Rudia," fundi alisema.

Likapanda tena. Likasaga tena. Aliinua mkono, gari likasimama. Alipitisha kidole chini ya ukingo wa madigadi, akakitoa na unga mweusi wa mpira.

"Linaliwa," alisema. "Tairi hili ni pana, na rimu imelisogeza nje. Gari likiwa tupu haligusi. Likiwa na watu nyuma, kila shimo ni mkato mmoja kwenye ukuta wa tairi. Nao ukuta wenyewe ni mfupi. Siku moja utapasuka."

Shemeji alikuwa bado ndani, magoti yamegusa kiti cha mbele. "Basi asibebe watu. Yeye ni dereva wa teksi?"

"Nabeba," mkunga alisema. Hakugeuka, alisema akitazama kioo cha mbele. "Nabeba mama mwenye uchungu, kwa sababu zahanati yetu haina gari. Nambeba na mama yake, kwa sababu hakubali kubaki. Saa nyingine nambeba na mumewe, ambaye hulia kuliko wote."

Jeki alianza kucheka, akajikataza.

"Tangu lini?" shemeji aliuliza.

"Tangu nilipolinunua. Kabla hujanioa."

"Na hukuwahi kuniambia."

"Nilianza kukuambia, zaidi ya mara moja. Ukaongeza sauti ya redio."

Shemeji aliteremsha macho kwenye kiti alichokalia. Kilikuwa kimevishwa nailoni nene, ya aina inayopanguswa kwa dawa. Alikuwa amekalia nailoni ile mara nyingi, na kama aliwahi kujiuliza kazi yake, basi alijiuliza kimoyomoyo. Sasa alisogeza mkono wake kutoka juu yake, taratibu. Uso wake ulibadilika mara mbili. Kwanza ulikuwa wa mtu aliyeona kitu. Halafu ukawa wa mtu aliyeonwa, na huo wa pili ndio ulioshinda.

"Sawa," alisema akitoka nje, akijinyoosha shati. "Mafundi si mmoja. Nitayapeleka pengine, huko ukingo wa madigadi unakunjwa kwa dakika mbili na maisha yanaendelea. Shemeji, wewe uliniambia yataingia."

"Nilikuambia. Kosa ni langu. Nilimwuliza mtu asiyeliendesha."

"Basi usiniharibie na nyumba."

"Nyumbani mwako niliingia siku nyingi," fundi alisema. Sauti yake ilikuwa tulivu, ingawa mikono ilikuwa imekikamata kitambaa kama usukani. "Niliingia asubuhi ile nilipokurudishia mkeo bila kumwuliza alichokimbia. Ningekuwa sitaki kuingilia, ningeanza siku ile."

Shemeji alimtazama kana kwamba mashine ya upepo imesema. Kisha akaelekea kwenye dirisha la dereva, akanyoosha mkono, kiganja juu, bila kumtazama mkewe. Ilikuwa ishara ya mazoea. Mtu hunyoosha mkono hivyo kwa kitu ambacho hakijawahi kukosa kuja.

Mkunga alizima gari. Alichomoa ufunguo, akafungua mlango, akashuka, akasimama mbele ya mkono ule. Alikuwa mfupi kuliko mumewe kwa kichwa kizima. Fundi alitaka kusema kitu, akajizuia. Hili halikuwa gurudumu lake.

"Mchana nina zamu," mkunga alisema. Akautia ufunguo katika mfuko wa sare, ule wa mkasi na kalamu. "Dada, nifungie yanayobeba."

Kiganja kilibaki hewani kidogo, kikashuka.

Jeki alikuwa ameshafika kwenye rafu. Hakutania. Fundi alimwonyesha: rimu za chuma, inchi kumi na nne, na matairi ya upana uleule wa kiwandani, ila yenye ukuta mgumu na uwezo wa kubeba zaidi. Yalikuwa meusi, manene, yasiyo na sura ya kupigwa picha. Walipoyafunga gari lilirudia kimo chake cha siku zote, matope na yote. Wakalipakia tena, safari hii Jeki na mifuko ya mchanga tu, wakalipitisha kwenye tuta. Fundi aliinama akasikiliza. Alisikia springi, alisikia maji ya mvua yakisukumwa, alisikia pumzi ya Jeki. Hakusikia kingine.

Alinyanyuka akamkuta mdogo wake amesimama karibu sana, kama zamani alipokuwa akiogopa giza na hataki kusema.

"Na jioni?" fundi aliuliza.

"Sijui, dada."

Mawingu yalikuwa bado palepale.

Jeki aliyarudisha magurudumu yanayong'aa ndani ya nailoni, akayapanga penye lango, akaenda kunywa chai. Shemeji alikataa kusaidiwa. Aliita gari la mizigo, akayapakia moja moja, shati likachafuka kifuani, akaondoka ameketi mbele pamoja na dereva bila kuaga. Mkunga aliendesha hadi barabara kuu, akawasha taa ya kukata kona, akasubiri hata njia ilipokuwa nyeupe, kisha akaelekea zahanati. Fundi alifunga karakana mapema, jambo ambalo hakuwa amelifanya Jumamosi yoyote. Nyumbani alitandika kitanda cha pili, akafungua dirisha la chumba kile ili kipate hewa, akaketi ukingoni mwa godoro, asijue kama anaomba kilaliwe au kisilaliwe.